Mapambo ya Sikukuu Yashuke Lini? Mwongozo kwa Nyumba za Mombasa

Kila ifikapo Januari, nyumba nyingi za Mombasa huwa na mabishano yale yale: mti wa Krismasi utoke lini? Mama anataka ukae mpaka wageni waishe. Baba anaitazama mita ya stima. Watoto hawataki hata kusikia. Na jirani akipita mlangoni tarehe 10 akaona taa bado zinawaka, huuliza kama humo ndani sikukuu haijaisha.

Majibu mengi tunayopewa yametoka nchi za baridi, ambako Januari ni theluji na mti hukaa ndani ya nyumba iliyofungwa madirisha. Kwetu Januari ni kaskazi. Joto la mchana hufika nyuzi 32 au 33, hewa ya bahari ina chumvi na unyevu, madirisha yako wazi na feni haizimwi. Pambo linalodumu mwezi mzima kwao, hapa laweza kuwa hatari au takataka baada ya wiki mbili. Wala Krismasi si jambo la jana kwetu hata tulazimike kuazima kipimo cha watu wengine. Mmisionari Krapf alifika Mombasa mwaka 1844 na Rabai mwaka 1846. Frere Town, mji wa waliokombolewa utumwani, uliundwa katika miaka ya 1870, na kengele yake ndiyo iliyoipa Kengeleni jina. Vizazi vingi vya hapa vimesherehekea sikukuu hii katika joto hili hili.

Kwa hivyo mwongozo wangu hauanzi na kalenda. Unaanza na hali ya kitu chenyewe, kisha imani ya nyumba, kisha watu walio ndani yake na wanaoizunguka. Na jambo la kushika kabla ya yote ni kwamba mapambo si lazima yashuke yote siku moja.

Hatua ya 1: Pita nyumba nzima, utenge kinachokauka

Zunguka ndani na nje, uanze na vitu vilivyokatwa vikiwa hai: makuti, maua, matawi, mti wenyewe. Hivi ndivyo vinavyoamua mapema kuliko vyote, na havisubiri Epifania ya tarehe 6 Januari wala mtu yeyote.

Makuti mabichi yaliyosukwa langoni hupendeza siku mbili tatu, kisha hugeuka rangi ya kahawia na kuanza kudondosha. Yaliyowekwa mkesha wa Krismasi yatoke kabla ya mwaka mpya. Ukitaka lango lipendeze tena usiku wa tarehe 31, kata mengine mapya, mnazi haukatai. Asumini, vikuba na mrihani haviulizwi: siku ya pili vitolewe, maana maji ya chombo chake hunuka haraka na huvutia wadudu.

Mti ndio wenye maneno. Mombasa watu hutumia mvinje uliokatwa huku huku pwani, au saipresi iliyoletwa kutoka bara. Yote miwili ikikatwa huwa inakufa polepole, na kasi yake inategemea kama shina lina maji. Mti uliosimamishwa kwenye ndoo ya mchanga mkavu na mawe hauna cha kunywa. Upepo wa feni ukiupiga usiku na mchana, mara nyingi ukifika mwaka mpya umeshakuwa kuni. Mti ambao shina lake limekatwa upya na kutiwa majini hudumu zaidi, ila ndoo hiyo ina kazi yake nyingine: mbu. Katika joto letu, yai la mbu wa Aedes, yule anayeuma mchana, huweza kuwa mbu kamili katika muda wa siku 7 hadi 10. Mombasa ilipata mlipuko wa chikungunya ulioanza mwishoni mwa 2017 na kuingia 2018, na dengi nayo imeshatutembelea zaidi ya mara moja. Maji ya ndoo ya mti yamwagwe na kubadilishwa kila baada ya siku tatu, na ndoo isuguliwe kwa ndani kwa sababu mayai hunata kwenye kuta zake. Kama hakuna mtu wa kuifanya kazi hiyo, mti utoke.

Kujua kama mti umekauka, usitegemee rangi. Saipresi hubaki na ukijani hata ikiwa imekufa. Shika tawi la ndani, karibu na shina, ulipinde. Tawi lenye uhai hukunjika. Lililokauka huvunjika kwa mlio. Kisha pitisha kiganja kutoka shinani kuelekea nchani: majani yakibaki mkononi au yakimwagika sakafuni, imekwisha. Fanya hivyo kila siku ya tatu, siku ile ile unapobadilisha maji.

Mti ukishindwa mtihani huo, taa zitolewe juu yake siku hiyo hiyo, na mti utoke ndani kabla ya usiku. Hata kama ni tarehe 30 Desemba. Saipresi ina utomvu wenye mafuta, na ikikauka hushika moto na kuwaka yote katika muda mfupi kuliko mtu anavyoweza kukimbilia maji. Chumba cha watoto, pazia, sofa ya sponji, vyote viko karibu. Sikukuu haiharibiki mti ukiondoka mapema: pango la kuzaliwa Yesu na nyota vihamishiwe juu ya meza au ndani ya kidaka, na Krismasi iendelee pale.

Hatua ya 2: Sikiliza plagi

Mti wa plastiki haukauki, hivyo wengi hudhani hauna tarehe. Kweli, wenyewe hauna. Taa zake ndizo zenye tarehe.

Kwanza tuondoe hoja ya gharama, kwa sababu ndiyo inayoleta ugomvi bure. Taa za zamani, zile za vibalbu vya kioo vinavyopata moto ukivigusa, seti ya balbu 100 hula wati 40 hivi. Ukiziwasha tangu saa kumi na mbili jioni hadi saa sita usiku kwa siku 30, umetumia yuniti 7.2 za tokeni. Seti ya LED yenye balbu 100 hula wati 5 hivi, na kwa muda ule ule yuniti moja haifiki. Basi baba wa nyumba akisema taa zinamaliza tokeni, mwulizeni kwanza ni za aina gani. Za LED hazistahili kushushwa kwa sababu hiyo.

Zinazostahili kushushwa ni hizi: ambazo plagi yake ina joto ukiishika, ambazo waya wake umebambuka, ambazo kipande kimoja kimezimika na kingine kinawaka kwa kukonyeza bila kuamriwa, na ambazo miguu ya plagi au vishikio vya balbu vimeota ukungu wa kijani au mweupe. Ukungu huo ni chumvi na unyevu vikila shaba. Nyumba za Kizingo, Nyali au Shelly Beach huupata mapema kuliko za Jomvu na Miritini, lakini hakuna aliyesalimika kabisa. Pambo la aina hii halingoji tarehe. Chomoa, liweke kando, fundi wa stima alitazame au litupwe.

Angalia pia taa imechomekwa wapi. Katika nyumba ya Kiswahili yenye vyumba sita, kila chumba na mpangaji wake, mara nyingi ukuta mzima una soketi moja. Humo mna friji, televisheni, chaja za simu, na kwa sababu ni kaskazi, feni ya usiku kucha. Kuongeza taa za mti kwenye ekstensheni iliyounganishwa na ekstensheni nyingine ni kuikaza kamba iliyokwisha kuvutika. Desemba 25 watu wako macho hadi usiku wa manane na mtu ataona moshi. Januari 8 watu wamerudi kazini, watoto wamelala mapema, na taa zimesahauliwa zikiwaka. Ndiyo sababu mimi hushauri taa za stima ziwe na tarehe yao, mapema kuliko mti wenyewe: siku ya kwanza ambayo nyumba inarudi kulala saa za kawaida, taa zishuke. Mti wa plastiki waweza kubaki na nyota na mipira yake mpaka siku mtakayochagua.

Taa za nje, za roshani na ukuta wa ua, ni kali zaidi. Kama boksi lake halina alama ya IP44 au zaidi, yaani ya kustahimili maji yanayorushwa, hizo zimetengenezwa kwa matumizi ya ndani na hazikupaswa kwenda nje. Zitoe sasa, usisubiri manyunyu.

Hatua ya 3: Sasa fungua kalenda

Kilichosalia baada ya hatua hizo mbili ndicho kinachoongozwa na imani, na hapa kila nyumba ina yake.

Wanaohesabu siku kumi na mbili za Krismasi hawapatani hata wao kwa wao. Anayeanza kuhesabu tarehe 25 Desemba humaliza 5 Januari. Anayeanza 26 humaliza 6. Wote wawili wako sawa kwa hesabu yao, na desturi yenyewe ni ya kale sana: mtaguso, yaani mkutano wa maaskofu, wa Tours, huko Ufaransa, mwaka 567, ulizitaja siku za baina ya Krismasi na Epifania kuwa za sherehe. Kwa Waanglikana wengi Epifania, 6 Januari, ndiyo mpaka unaofahamika. Wakatoliki wanaofuata kalenda iliyorekebishwa mwaka 1969 wana siku chache zaidi: kipindi cha Noeli huisha kwenye sikukuu ya Ubatizo wa Bwana, ambayo kwa kawaida ni Jumapili baada ya Epifania na huangukia kati ya 7 na 13 Januari. Baadhi ya familia za zamani huliacha pango hadi 2 Februari, siku ya kutolewa Bwana hekaluni, na wanayo haki, kwani siku 40 tangu Krismasi hutimia siku hiyo. Nayapenda sana mapango yanayobaki hadi hapo, ya udongo au mbao, bila taa hata moja.

Na kama mna jirani Mwethiopia wa kanisa la Othodoksi, kumbuka Krismasi yake ni 7 Januari. Ukimwona anapamba wakati wewe unashusha, mpe mkono wa heri.

Kuna wanaosema mti ukipita 6 Januari unaleta mkosi ndani ya nyumba. Imani hiyo ilitoka Uingereza, na hata huko zamani wako walioacha majani ya Krismasi hadi 2 Februari bila kuogopa lolote. Haimo katika Injili. Asikutie mtu hofu nayo, hasa bibi mzee aliye peke yake na hana wa kumpandia ngazi tarehe hiyo.

Nyumba za Kiislamu hazina mti, lakini swali la kushusha wanalo: taa za Ramadhani, mwezi na nyota za karatasi, mabango ya Idi. Hapa Idi haimalizwi siku moja. Watu hutembeleana siku tatu au nne, wengine wakitoka Likoni kwenda Kisauni kuamkia wazee, na watoto bado wanadai kupelekwa kwenye bembea. Mwenye kushusha tarehe 2 ya Mfunguo Mosi, mwezi unaofuata Ramadhani, yaani siku ya pili ya Idi, atapokea wageni katika ukumbi mtupu. Ngojeni wiki ipite. Walio na desturi ya kufunga sita za Mfunguo Mosi huacha pambo dogo mpaka wazimalize, na ni jambo zuri, linawapa watoto hamu ya kuwasubiri wakubwa. Idi ya kuchinja ina mpaka wake ulio wazi zaidi: tarehe 10 ya Mfunguo Tatu, mwezi wa Hija, kisha siku za tashriki, 11, 12 na 13. Tarehe 14 shusheni. Kwa wanaosoma Maulidi, Mfunguo Sita wote ni mwezi wa sherehe, na msikiti mmoja ukimaliza mwingine unaanza, basi mapambo yakae mwezi mzima mkipenda.

Wahindu wa mjini nao wana Diwali yao ya siku tano, na vitaa vyao vya udongo huishia mafuta yake usiku ule ule, kwa hivyo kwao ngumu ni taa za stima tu, na hizo sheria yake ni ile ya hatua ya pili.

Kwa kuwa Ramadhani hurudi nyuma siku 10 au 11 kila mwaka wa kawaida, sikukuu hizi zinakaribiana. Mwaka 2030 Ramadhani itaingia mara mbili, mwanzoni mwa Januari na tena mwishoni mwa Desemba. Wanaoishi kwenye ghorofa zenye ngazi moja na wapangaji wa dini zote waanze mapema kukubaliana nani anapamba wapi na nani anashusha lini. Mlinzi au keateka asiachiwe kuamua peke yake.

Hatua ya 4: Tazama watu

Kalenda ikishasema, bado kuna watu.

Wanaokwenda bara. Kama familia inaondoka tarehe 22 Desemba kwenda Taita, Ukambani au Kisii na kurudi baada ya mwaka mpya, msiweke mti uliokatwa. Hakuna atakayeumwagia maji, na utakauka katika nyumba iliyofungwa. Wekeni wa plastiki, na plagi ya taa ichomolewe kabisa siku ya safari, kabla ya kubeba mizigo, si kuzimwa swichi tu. Stima ikikatika na kurudi kwa nguvu hakuna mtu nyumbani.

Anayerejea. Mombasa ina mabaharia, na ina mabinti na vijana walio Ghuba ambao likizo yao hupangwa na mwajiri. Akija tarehe 15 Januari akakuta ukuta umefutwa, ataona alichelewa kwao wenyewe. Nyumba ya namna hii inayo ruhusa yangu kamili kuuacha mti wa plastiki hadi afike, apige picha na wadogo zake, na yeye mwenyewe aishushe nyota. Taa ziwashwe usiku huo tu. Jirani akiuliza, aelezwe. Akisha kuelewa atakuja na sahani.

Watoto. Shule kwa kawaida hufunguliwa wiki ya kwanza au ya pili ya Januari. Jumamosi inayotangulia ufunguzi ndiyo siku bora ya kushusha kwa nyumba nyingi: watoto wapo, wakubwa wapo, na aghalabu iko jirani na Epifania. Waambieni mapema, siku kadhaa kabla. Mtoto anayeamka na kukuta mti haupo hulia kwa haki. Anayepewa kazi ya kupokea mipira na kuihesabu hujiona mwenye nyumba.

Na msiba. Hapa naomba tuwe na utaratibu, kwa sababu mara nyingi watu hubabaika. Msiba ukiingia ndani ya nyumba, taa za kumetameta na muziki vizimwe saa ile ile. Kushusha kwenyewe kusifanywe mbele ya mfiwa; hahitaji kusikia ngazi ikiburutwa. Kijana mmoja au wawili waondoe kimya kimya yale ya mlangoni, ya barazani na ya sebule watakamoketi waombolezaji. Yaliyo vyumbani yasubiri baada ya matanga. Na yakishashuka kwa msiba yasirudishwe mwaka huo, hata kama zimebaki siku nyingi za sikukuu.

Msiba ukiwa kwa jirani, zima taa zote zinazoonekana kutoka kwake kwa siku za kukaa matanga. Kwa jirani Mwislamu ni siku tatu mpaka hitima isomwe. Huhitaji kuulizwa wala kuuliza. Baada ya hapo waweza kuwasha tena za ndani. Za nje ningeziacha zizimwe kabisa na kuzishusha Jumamosi inayofuata. Nimeona mitaa ambayo baraza nzima, nyumba baada ya nyumba, ilizima taa usiku mmoja kwa ajili ya mama mmoja aliyefiwa, wenye dini hii na ile. Mtaa wa aina hiyo ni mahali pema pa kulea watoto.

Hatua ya 5: Kushusha

Fanya asubuhi, kabla jua halijawa kali. Mikono yenye jasho na waya wa stima havipatani, na mtu aliyechoka kwa joto hurarua badala ya kufungua.

Chomoa kila plagi kwanza. Tandika leso kuukuu au mkeka chini ya mti ili vipande na majani visisambae. Piga picha moja ya mti ulivyo, itakusaidia Desemba. Kisha fuata kinyume cha ulivyopamba: nyota, mipira, nyuzi za kumeta, na taa mwisho kama bado zipo, kwa kuwa ndizo zilizotangulia kuwekwa. Taa zizungushie bapa la katoni huku ukizifuta kwa kitambaa kikavu, usizikunje mkononi. Kila kitu kilichokaa ukutani kikung'utwe nje. Mjusi si tatizo, lakini tandu na nge hupenda mahali penye giza nyuma ya mapambo.

Selotepu ndiyo inayogombanisha mpangaji na mwenye nyumba. Katika joto gundi yake huyeyuka na kuingia kwenye rangi, na kila wiki inavyokaa ndivyo inavyozidi kushika. Hata kama mapambo mengine yatabaki, yaliyobandikwa kwa selotepu yasipite wiki mbili. Ivute polepole, ukiilaza kufuata ukuta, usiivute kuja kwako. Mabaki ya gundi kwenye kioo na vigae huondoka kwa mafuta ya nazi: paka, ngoja robo saa, futa kwa maji ya sabuni. Kwenye ukuta wa rangi usipake mafuta, yataacha doa baya kuliko gundi. Na nyumba za Mji wa Kale zenye kuta za chokaa zisibandikwe selotepu kamwe, hubambua lipu. Tumieni uzi na misumari ya zamani iliyopo, au vidaka, ambavyo viliwekwa ukutani kupendezesha nyumba tangu mwanzo.

Hatua ya 6: Kinachotupwa kitupwe vipi

Mti wa mvinje ukatwe vipande, shina liwe kuni. Majani yake ni kazi nyingine, kwa kuwa hayaozi upesi. Bamburi wanalijua hilo vizuri. René Haller alipoanza mwaka 1971 kuotesha miti katika machimbo ya kiwanda cha saruji, mvinje ndio uliostawi kwenye jabali lile, lakini majani yake yakarundikana bila kuoza, mpaka alipoleta majongoo wayatafune na kuyafanya udongo. Mahali hapo leo ni Haller Park. Kwa hivyo majani ya mvinje yatandaze chini ya mwembe au mnazi kama una ua, yatazuia jua lisikaushe udongo, na majongoo ukiwaona waache wafanye kazi.

Saipresi usiwape mbuzi na ng'ombe wenye mimba. Baadhi ya miti ya jamii hiyo inajulikana kwa kuharibu mimba za ng'ombe. Usiichome karibu na nyumba za makuti. Cheche zake huruka mbali, na kaskazi huzisaidia.

Maputo yatobolewe na kuokotwa hata vipande vidogo. Puto lililopasuka likifika ufuoni huenda baharini, na kasa hula plastiki na mpira unaoelea wakidhani ni chakula. Nyuzi za kumeta za plastiki zisichomwe uani pamoja na majani makavu: moshi wake ni sumu, na wanaouvuta kwanza ni watoto. Ziende na takataka za kawaida. Mifuko ya plastiki ya kubebea ilipigwa marufuku Kenya tangu 28 Agosti 2017, basi tumieni gunia.

Mabango yenye aya za Qurani au jina la Mwenyezi Mungu yatengwe kabla ya kitu kingine chochote. Hayaingii jaani. Yachomwe mahali safi na majivu yafukiwe, au yafukiwe pasipokanyagwa. Wakatoliki hufanya hivyo hivyo kwa vitu vilivyobarikiwa vikichakaa.

Hatua ya 7: Kuhifadhi

Katoni si chombo cha Mombasa. Hunyonya unyevu, mende huzaa humo, na mchwa huitafuta. Tumia ndoo ya rangi ya lita 20 iliyooshwa, yenye kifuniko kinachobana. Ndoo moja ya taa, nyingine ya mipira na nyota. Vikulabu vya waya vitolewe kwenye mipira kabla ya kuhifadhi, kwani vitaota kutu na kuitia doa. Tia ndani vipakiti vile vinavyokuja katika maboksi ya viatu, au vipande vya mkaa mkavu vilivyofungwa kitambaani, ili vinyonye unyevu. Mishumaa usiiweke darini chini ya mabati, itapinda. Iweke uvunguni mwa kitanda, imelala, imezungushiwa karatasi.

Andika juu ya kifuniko kwa kalamu nzito kilichomo, na ni taa ngapi zilizokuwa zinawaka siku ya kufunga. Seti iliyozima isihifadhiwe kwa matumaini. Ile inayohitaji balbu moja tu, nunua balbu hiyo sasa, uifunge pamoja nayo kwa uzi.